Sisi Tuliowavisha Mashujaa

Mwalimu wenu wa ushonaji ameniomba niwaandikie kitu cha kuwatia moyo. Nilimwambia amepotea mlango, lakini ni mtoto wa jirani yangu wa zamani hapa Fordsburg, namjua tangu anatambaa, na akikung'ang'ania huyo hakuachii. Basi ninaandika. Vidole vya mkono wa kulia havikunjiki vizuri asubuhi, macho nimeyamalizia kwenye matundu ya sindano, na mgongo sitaki hata kuutaja. Mkiona nanung'unika mjue ndivyo nilivyo, sijakasirika na ninyi.

Kazi yangu ilikuwa kushona mavazi ya jukwaani na kuwavisha waigizaji, kwenye ukumbi mmoja wa maigizo pale Braamfontein. Nilikuja huku kusini kutoka Tanga nikiwa fundi wa magauni ya harusi na sare za shule. Ukumbini walitaka mtu anayejua kutarizi, nikaingia nikidhani ni kibarua cha mwezi, nikabaki mpaka nikaota mvi. Jina langu hakuna aliyejishughulisha nalo. Niliitwa Mama Tanga, na baadaye nikawa naitika hata mtu akiita hivyo sokoni.

Miaka ile ya mwisho, kuanzia 2015 hivi, mwongozaji wetu alikuwa ameshikwa na hadithi za kale za Ulaya, zile za mashujaa wa farasi wenye mikuki na deraya, yaani mavazi ya chuma ya vitani. Alikuwa mhadhiri wa chuo, tukimwita Dokta. Hakuwa mtu mbaya. Nalisema hili mapema kwa sababu mkifika mbele mtamchukia, na mimi sipendi watu wachukiwe kwa haraka. Aliyakumbuka majina ya wajukuu zangu wote, na siku za Ramadhani alihakikisha naondoka mapema nikafuturu.

Hadithi zenyewe kama hamzijui, hamjapungukiwa sana. Kuna ngome, na ndani ya ngome kuna bibiye amekaa dirishani. Nje kuna shujaa anapigana na kila anayepita, hata asiyemkosea. Akishinda, mfalme anamkabidhi yule bibiye kama mtu anavyokabidhiwa mbuzi wa zawadi kwenye mashindano ya mpira. Bibiye haulizwi. Akiulizwa anazimia.

Mimi nilizisoma kwa upande wa nguo. Mikono ya gauni la bibiye ilikuwa inaburuta sakafuni. Shoneni siku moja mkono wa namna hiyo, muuvae, halafu mkasonge ugali. Mkono ule unawaambia watu kwamba huyu mama hafanyi kazi, na pia kwamba hata akitaka kufanya hawezi. Nimeshona mingi sana, na kila nikipiga pindo nilijiuliza ni nani aliyekuwa akiifua.

Shujaa naye ndiyo kichekesho zaidi. Ana nguvu za kuua joka, lakini hawezi kujivalisha. Kamba ziko mgongoni, gidamu ziko chini ya kwapa, kofia inafunika uso wote, akishaivaa haoni miguu yake. Bila mtu wa kumfunga hatoki chumbani. Tulikuwa na kijana mmoja mrefu, mzuri, sauti ya kutikisa ukumbi. Siku moja akabanwa na haja baada ya kufungwa kila kitu, na zamu yake ya kuingia jukwaani imekaribia. Alinitazama kwa macho ya mtoto wa chekechea. Nikamfungua nusu, nikageuka ukutani, nikamfunga tena. Ukumbini walimpigia makofi kwa ushujaa.

Wafungaji tulikuwa wawili, mimi na Espérance. Huyu alikuwa Mkongomani wa Bukavu, mdogo kwangu kwa umri, mwembamba, mtu wa kanisa linalosali kwa sauti. Mimi Mwislamu wa Tanga, nataka utulivu. Tulitakiwa tugombane lakini wapi, tulikuwa tunakula sahani moja. Kiswahili chake kilinichekesha na changu kilimchekesha yeye, alisema naongea kama redio.

Na sasa niwape kitu cha kazi, msije mkasema mama wa watu amelalamika tu. Deraya ya jukwaani si chuma. Chuma kinalemea, kinapiga kelele, na kinamkata mtu. Ile ya vikuku vidogovidogo inafumwa kama sweta, kwa sindano nene za mbao na uzi mnene wa pamba. Ukimaliza unaipaka rangi nyeusi yote, unaiacha ikauke kabisa, halafu unapitisha rangi ya fedha juujuu kwa brashi kavu. Aliye kiti cha mbele ataona chuma. Mabamba yanatengenezwa kwa yale magodoro membamba ya mazoezi. Unayapasha kwa hewa ya moto yakilainika unayakunja juu ya paja lako, unayapaka gundi ya mbao mara kadhaa, kisha rangi. Msipake fedha tupu bila weusi chini yake. Itaonekana kama sufuria mpya.

Uzi wa pamba nausisitiza kwa sababu yaliyonikuta nayajua. Mwanzoni waliponiita nisaidie deraya na kuniambia tufume kwa kamba, mimi mtu wa Tanga nikafikiria katani. Kwetu kamba ni katani, kuna nyingine? Nikaitafuta mji mzima, nikaipata kwa muuza vifaa vya shamba, nikafuma deraya nzuri ajabu, imekaa imara, inang'aa. Shujaa wetu aliivaa kwenye sehemu ya mapenzi. Anamwambia bibiye nakupenda, anajikuna. Anapiga goti, anajikuna. Alipomkumbatia, bibiye naye akaanza. Watu wakadhani ni vichekesho, wakacheka hadi machozi. Dokta alikuja nyuma na kuniuliza kwa upole kama kule kwetu watu huvaa kitu kile. Espérance alinitania mwaka mzima, kila nikijikuna kichwa anauliza kama nimefuma kilemba.

Mkuu wa chumba cha deraya alikuwa Mzee Sipho. Nguo zilikuwa za wanawake, deraya ilikuwa ya mwanamume, ndivyo tulivyoikuta. Lakini Mzee Sipho macho yalishamchoka kabla yangu, na aliyekuwa akifuma, akikunja na kupaka alikuwa Espérance. Mzee alikaa na chai yake, akisema bega hili limepanda, lishushe, kiwiko hiki kitambana, kiachie nafasi. Alimfundisha kweli, sitamnyima hilo. Kwenye karatasi ya onyesho, ile wanayopewa watazamaji mlangoni, iliandikwa deraya ni ya Mzee Sipho. Espérance hakuandikwa popote. Aliajiriwa onyesho kwa onyesho, likiisha anarudi nyumbani kungoja simu.

Mwaka 2017 Mzee Sipho akatangaza kustaafu. Aliwaambia wakubwa wa ukumbi mbele yetu sote kwamba nafasi yake apewe Espérance, kwani kazi ni yake tangu zamani. Wakubwa wakasema wataamua baada ya onyesho linalofuata, na Dokta ndiye atakayekuwa na neno la mwisho. Espérance alikuwa na hamu ya nafasi ile mpaka ikamkondesha. Hakuitaka kwa sababu ya ukubwa. Alitaka kazi isiyosubiri simu, na alitaka jina lake liwe kwenye ile karatasi. Alisema watoto wake wanadhani anafagia ukumbi.

Nafasi hiyo hakuipata, hata baadaye. Nawaambia sasa msije mkasoma kwa kusubiri.

Onyesho lililofuata Dokta aliliandika mwenyewe kwa mtindo wa hadithi zilezile. Kuna msichana ambaye kaka yake ni mgonjwa, na heshima ya nyumba inategemea mashindano ya mikuki. Msichana anavaa deraya ya kaka yake, anaingia uwanjani, anawaangusha wote. Hakuna anayejua, hata watazamaji hawaonyeshwi akivaa. Mwisho anavua kofia, watu wanaona ni mwanamke. Hapo mfalme anasema mwanamke hawezi kuwa shujaa, ushindi unakwenda kwa wa pili, na yule msichana anakabidhiwa kwa huyo wa pili kama mke. Anapiga goti, pazia linafungwa. Dokta aliona huo ni mwisho mzuri, alisema ndivyo hadithi za wakati ule zilivyokuwa na sisi hatuna ruhusa ya kuzibadili.

Msichana huyo aliigizwa na Nomsa, binti wa Soweto, mabega mapana, kichwa amekinyoa. Tulizungumza naye Kiingereza, nami nawaandikia kwa Kiswahili. Siku ya kupimwa, Dokta akaleta mchoro wa bamba la kifua. Lilikuwa na matiti mawili ya chuma, yamesimama.

Nomsa aliutazama, akaniuliza, "Mama, hii deraya si ya kaka yangu?"

"Ndiyo nilivyoelewa," nikamjibu.

"Sasa kaka yangu ana matiti?"

Tukacheka chumba kizima, na Dokta pia alicheka. Nomsa akageuka kwake, akasema hatanii. Kama wanamwona ni mwanamke tangu anaingia, basi anavua kofia kuwaonyesha nini?

Dokta akavua miwani, akaifuta. "Unasema kweli kabisa," akasema. "Lakini tangazo limeshabandikwa mpaka kwenye vituo vya mabasi, na mchoro ndio huu. Wafadhili wameupenda. Watu wanakuja kumwona mwanamke ndani ya chuma." Akampigapiga Espérance begani. "Najua utalitengeneza vizuri. Wakubwa watakuwepo siku ya kwanza."

Mnaona? Ningependa niwaambie alikuwa mjinga, ingenipunguzia hasira. Alielewa kila kitu. Alikuwa tu hana haja ya kubadili.

Mchana ule tulikaa nje kwenye ngazi na chipsi zetu. Espérance hakula.

"Mama Tanga, weye unaona je?"

"Mshonee matiti yake," nikasema. "Mpe hata manne akitaka. Chukua nafasi kwanza, hayo mengine utayafanya ukiwa mkubwa."

"Na yule mutoto?"

"Yule ni mwigizaji. Mwakani atakuwa kwenye televisheni, hata hatatukumbuka. Wewe utakuwa hapahapa unangoja simu."

Akasema, "Njo vile," yaani ndivyo hivyo, akaingia ndani kupasha magodoro. Ushauri ule nilimpa kwa moyo safi, na leo nikiulizwa nitautoa uleule. Mtu mwenye watoto na karatasi za kukaa nchini zinazokwisha kila mara hasimamii mambo ya kaka wa kwenye hadithi.

Alilitengeneza lile bamba. Na kwa kuwa mkono wake haukujua kuharibu, likawa zuri, jambo ambalo lilituudhi wote. Nomsa alilivaa. Mimi ndiye niliyemfunga kila siku, na yeye alinyanyua mikono kama wale mashujaa wote waliopita mikononi mwangu. Akiingia jukwaani tu, watu wanapiga miluzi. Wanajua ni mwanamke kabla hajagusa mkuki. Akipigana, wanatazama kifua. Akifika mwisho na kuvua kofia, hakuna linalotokea. Watu wanakohoa, wengine wanatafuta koti. Anapiga goti, pazia linafungwa.

Siku moja nilipokuwa namfungua alisema, "Mama, mimi kule napigana bure." Nilimletea maji.

Onyesho likiwa limebakiza siku chache, wakubwa wakaamua. Nafasi ikapewa kijana mmoja kutoka Cape Town aliyesomea silaha za jukwaani. Dokta alimwita Espérance ofisini kumweleza mwenyewe, akamkalisha, akamshika mkono kwa mikono miwili. Alimwambia kazi yake ni nzuri mno, hasa upande wa nguo, na kwamba lile bamba la Nomsa limesifiwa na kila mtu. Lakini deraya inataka mtu wa kushika chuma. Espérance, aliyetumia maisha yake kuwafanya watu waone chuma pasipo na chuma, alisema, "Asante, Docteur," akatoka.

Nilipata hasira mpaka masikio yakawa ya moto. Nilitaka kwenda ofisini nikaseme yote, hata yale ya miaka iliyopita. Espérance akaniambia nikae. Alikunywa chai iliyopoa, yote, akaosha kikombe.

"Ya Posho, ile ya mwisho, ni ya wanafunzi?" akauliza. Posho kwao ni Jumamosi.

Ndiyo, nikamwambia, onyesho la mchana, shule za wasichana za Soweto.

"Bon. Sasa sina kitu ya kuogopa tena." Akaenda pale yalipokuwa mabaki ya magodoro, akaanza kuyageuzageuza. "Nitatengeneza ingine. Ya kaka. Utamufunga nayo?"

Hapo sasa ikawa juu yangu. Nilikuwa nimekaribia kustaafu. Nilitaka kuondoka kwa amani, na keki, na ile picha ya pamoja ambayo wote wanatabasamu. Mwigizaji akiingia jukwaani na vazi ambalo mwongozaji hakuliruhusu, wa kwanza kuulizwa ni aliyemvisha. Nilimwambia nimechoka, aniache nifikirie. Na kweli nilikuwa nimechoka, lakini safari hii nilichoka na yale yaleyale, wanawake kufunga kamba na kunyamaza. Kabla hajafika mlangoni nikamwambia sawa.

Jumamosi ile alilileta bamba limefungwa kwenye kanga yangu. Lilikuwa bapa, limekwaruzwa kidogo hapa na pale, na ubavuni lina mbonyeo kama lililowahi kupigwa. Nomsa aliligusa kwa viganja viwili. Alimtazama Espérance, akanitazama mimi, akasema, "Sharp, Mama," neno lao la kukubali, akanyanyua mikono. Nikafunga. Kamba moja nikaifungua, nikaifunga upya.

Ukumbi ulijaa wasichana wa shule na sare zao, wanatafuna, wanasukumana, walimu wanawanyamazisha hawanyamazi. Nomsa akaingia uwanjani. Hakuna aliyepiga mluzi. Kwao huyu alikuwa ni yule kaka, amepona ghafla, amekuja. Wakaanza kumshangilia. Alipoangushwa mara ya kwanza waliguna wote pamoja, alipoinuka wakapiga miguu sakafuni mpaka mataa yakatikisika. Mimi na Espérance tulikuwa pembeni nyuma ya pazia, ananishika mkono, ananiumiza, sikumwambia.

Kisha Nomsa akavua kofia.

Msichana mmoja katikati ya ukumbi akapiga kelele, "Ni dada yake!" na ukumbi ukalipuka. Nimefanya kazi ile miaka mingi sana, sijawahi kusikia sauti ya namna ile. Walipanda juu ya viti. Wengine walikuwa wanalia. Mwalimu mmoja, mama mtu mzima, alipiga vigelegele.

Aliyeigiza mfalme alikuwa mtu mwenye nidhamu, akasubiri watulie, akanyoosha mkono na kusema maneno yake, kwamba mwanamke hawezi kuwa shujaa, na sasa anamkabidhi huyu kwa yule. Wasichana wakasema hapana. Alianza mmoja, wakafuata safu nzima, kisha ukumbi wote, hapana, hapana. Mfalme akarudia, hakusikika. Nomsa alitakiwa apige goti. Hakupiga. Hakufanya fujo yoyote, alisimama tu na kofia mkononi, anamtazama. Mfalme maskini akaangalia pembeni, akatuona sisi wawili, hakuna wa kumsaidia, akaushusha mkono. Pazia likafungwa kwa kuwa hakuna aliyejua la kufanya.

Dokta alikuja nyuma ya jukwaa mbio, jasho linamtoka, uso mwekundu. Sikuweza kujua kama amekasirika au amefurahi, na nadhani hata yeye hakujua. Alimgusa Nomsa kifuani, pale penye bamba, akauliza kwa sauti ya chini nani ametengeneza hii.

Nilifungua mdomo kumkinga mwenzangu. Kwa miaka yote jibu letu lilikuwa ni lile la kusema sisi, ni chumba cha mavazi, ni sote. Espérance akaniwahi.

"Ni miye," akasema. Akasogea mbele, akamtajia jina lake lote, la ubatizo, la nyumbani na la kabila lake, Espérance Furaha Nabintu, polepole, akisimama kila baada ya neno kama mtu anayeandikisha. "Andika."

Dokta alibaki amesimama pale, anapapasa mifuko yake yote akitafuta kalamu.